Mkataba wa 1868 na Kondoo wa Wanavajo

(Hotuba iliyotolewa katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Katibu aliniandikia nije nizungumze juu ya kazi ya serikali. Nimeshika mafaili karibu miaka ishirini, na ninajua kwamba mtumishi wa serikali akianza kueleza kazi yake watu husinzia. Kwa hiyo nitawaeleza habari za watu wa mbali, niliowasoma mara ya kwanza Chuo Kikuu na ambao sijaacha kuwafuatilia tangu hapo. Ni Wanavajo wa Marekani. Wenyewe hujiita Diné, yaani watu.

Nchi yao iko katika majimbo ya Arizona, New Mexico na Utah. Ni kavu, yenye majabali mekundu, na ukubwa wake unazidi kilomita za mraba 70,000. Rwanda na Burundi ukiziunganisha hazifikii. Leo wana rais wao, baraza lao na mahakama zao. Lakini sehemu kubwa ya ardhi hiyo imeshikwa na Serikali ya Shirikisho kwa dhamana, kwa niaba yao. Vijana, lishikeni neno hilo dhamana, maana ugomvi wote umo humo.

Mwaka 1863 jeshi la Marekani lilimtuma Kit Carson kuwatiisha. Mapigano makubwa hayakuwa mengi. Askari walichoma mahindi, wakachukua na kuua mifugo, wakakata mipichi katika bonde la Canyon de Chelly, mpaka njaa ikawatoa watu mafichoni. Kuanzia 1864 maelfu walitembezwa kwa miguu zaidi ya kilomita 450 hadi Bosque Redondo, karibu na ngome ya Fort Sumner. Wazee na wajawazito walioshindwa kwenda waliachwa njiani. Huko walikofikishwa, maji ya mto yaliwaumiza matumbo, wadudu wakala mahindi yao, na kuni hazikupatikana karibu. Zaidi ya watu 8,000 walishikiliwa pale, na wapatao 2,000 hawakurudi.

Mwezi Mei 1868 alikuja Jenerali William Tecumseh Sherman kuzungumza nao. Alitaka kuwahamishia mbali zaidi, upande wa mashariki, katika nchi ambayo sasa ni Oklahoma. Msemaji wao, Barboncito, alikataa. Aliomba kitu kimoja tu, warudishwe kwao. Maneno yake yalitafsiriwa kutoka Kinavajo kwenda Kihispania, na kutoka Kihispania kwenda Kiingereza, na majibu yakarudi kwa njia hiyo hiyo. Sisi tuliowahi kuketi kwenye mikutano yenye mkalimani mmoja tu tunajua ni mangapi humwagika njiani. Hata hivyo Sherman alikubali. Tarehe 1 Juni 1868 wakuu wa Wanavajo waliweka alama za msalaba kwenye karatasi, na mwezi huo huo wakaanza safari ya kurudi.

Karatasi hiyo ilisema nini? Iliwapa sehemu ya nchi yao, si yote. Iliwaahidi kondoo na mbuzi 15,000 wa kuanzia maisha. Iliahidi pia kwamba kwa kila watoto thelathini watakaohudhuria masomo, Serikali itatoa nyumba ya shule na mwalimu.

Kondoo walifika mwaka uliofuata. Waligawiwa kwa watu, wakatunzwa kama mboni ya jicho, wakazaana. Kwa Wanavajo kondoo ni nyama, ni sufu ya kufumia mablanketi, ni kitu ambacho mtoto hupewa akiwa mdogo ili akue nacho. Na makundi mengi yalikuwa mali ya wanawake, kwa sababu ukoo wao hufuata upande wa mama.

Sasa nafika kwa mtu ambaye hunikosesha usingizi. Mwaka 1933 John Collier aliteuliwa kuwa Kamishna wa Mambo ya Wahindi Wekundu, kama walivyoitwa. Hakuwa mtu mbaya. Alitetea dini na mila za wenyeji wakati wakubwa wengi walitaka zifutwe. Wataalamu wake walimwonyesha kwamba mifugo imezidi malisho, udongo unamomonyoka, na mchanga unateremka hadi Mto Colorado, ambako bwawa kubwa, linaloitwa leo Hoover, lilikuwa linajengwa. Mmomonyoko ulikuwa wa kweli. Wanavajo wenyewe waliuona, ila walisema mvua imepungua na ardhi waliyoachiwa haitoshi. Collier akaagiza mifugo ipunguzwe.

Alizungumza na Baraza la Wanavajo, ambalo lilikuwa la wanaume watupu. Baraza hilo lenyewe lilikuwa limeundwa mwaka 1923, hasa ili Serikali ipate wa kutia saini mikataba ya mafuta ya petroli yaliyogunduliwa kule. Wanaume wakakubali kwa shingo upande. Wenye mbuzi, wanawake, hawakuulizwa. Maofisa wakaenda kwenye makundi. Pale ambapo hapakuwa na njia ya kuwafikisha wanyama sokoni, waliwapiga risasi papo hapo na kuacha mizoga ikioza mabondeni, mbele ya wenyewe. Collier alikuwa ameahidi kwamba badala ya mifugo wataongezewa ardhi upande wa New Mexico. Ardhi hiyo ilihitaji kibali cha Bunge, na Bunge halikukitoa. Mwaka 1935 alipowaletea sheria yake ya kuwapa wenyeji madaraka zaidi, Wanavajo waliikataa kwa kura. Kura ilikuwa ya sheria, lakini wengi walikuwa wakipigia kura mbuzi wao.

Niliyasoma hayo nikiwa mwanafunzi, nikamlaumu Collier kwa sauti kubwa bwenini. Miaka michache baadaye, nikiwa ofisa mgeni kazini, nilitumwa kijiji kimoja kuwaeleza wafugaji wapunguze ng'ombe. Nilikuwa na ramani na jedwali. Nilikaa siku mbili na wazee wa kiume chini ya mti, tukaelewana vizuri sana. Nikiwa napanda gari, mama mmoja aliniita. "Mwanangu," akasema, "hao uliowahesabu, umeambiwa ni wa nani?" Nilimjibu kwamba taarifa zote zipo. Hazikuwepo. Niliandika ripoti nzuri, ikasifiwa, na swali la yule mama halimo ndani yake hadi leo.

Nirudi kwenye mkataba. Ile ahadi ya shule ililala miaka mingi. Vita vya Pili vya Dunia vilipokuja, vijana wa Kinavajo walitumia lugha yao kupeleka habari za siri za jeshi katika Pasifiki, na adui hakuifumbua. Lakini kwao watoto wengi walikuwa hawana darasa. Mwaka 1946 mzee Henry Chee Dodge, aliyekuwa mtoto mdogo wakati wa ule mkataba, alikwenda Washington pamoja na wenzake kudai shule zilizoahidiwa. Mwaka 1968, miaka mia kamili baada ya mkataba, Wanavajo walianzisha chuo chao wenyewe, cha kwanza kuendeshwa na kabila la wenyeji wa Marekani.

Habari za urani ni hotuba nyingine. Niseme tu kwamba ilichimbwa kwao kuanzia miaka ya 1940 hadi ya 1980, na mashimo zaidi ya 500 yaliyotelekezwa bado yanawatesa.

Juni 2023 karatasi ile ilifika tena mahakamani. Maelfu ya nyumba zao hazina maji ya bomba. Waliiomba Mahakama ya Juu ya Marekani iseme kwamba Serikali, iliyowaahidi makao ya kudumu, ina wajibu wa kuhakikisha wanapata maji. Majaji watano walisema mkataba hauitaki Serikali ichukue hatua hizo. Wanne walipinga.

Mwaka 2018, kutimiza miaka 150, nakala ya asili ya mkataba ilipelekwa katika makumbusho yao mjini Window Rock. Wajukuu na vitukuu wa walioweka alama walikwenda kuiangalia ndani ya kioo, alama kwa alama.

Ndugu Mwenyekiti, naona wapishi wananitazama. Mwenye swali anifuate chini ya mwembe baada ya chakula.