Sambusa Tamu, Mtoto Salama

Leo tunapika sambusa nyumbani. Kaanga nyama ya kusaga hadi iive na maji yakauke kabisa. Funga sambusa, uzibe ncha kwa uji mzito wa unga wa ngano. Maji yakivuja ndani ya mafuta moto, mafuta huruka.

Usikaange ukiwa umembeba mtoto mgongoni, wala usimwache atambae karibu na jiko. Hata moto ukizimwa, mafuta hukaa moto kwa muda mrefu.

Mtoto akiungua, mwagie maji safi ya baridi, yasiyo ya barafu, kwa dakika 20. Usimpake dawa ya meno, unga wala mafuta. Funika kidonda kwa kitambaa safi, umpeleke kituo cha afya upesi.