Darsa ya Ramadhani: Zaka Inayomnunulia Fundi Mwiko

Bismillahir Rahmanir Rahim. Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na sahaba zake wote.



Tumekusanyika usiku huu hatua chache kutoka stesheni ya Gare du Midi. Anayepita hapo alfajiri, baada ya daku, huwaona wanaume wamesimama kando ya barabara na mifuko yao, wakingoja gari la mkandarasi lisimame na kuita wawili watatu. Miongoni mwao wamo watu wa Kindu na Kasongo, wa Bujumbura, wa Ngazija na wa Tanga. Baadhi yao kwao walikuwa mafundi waashi wenye jina. Hapa huitwa kubeba matofali, kwa kuwa hawana karatasi inayosema kwamba wanajua kuyapanga.

Mtume, rehema na amani zimshukie, alipohamia Madina mwaka 622 alishiriki kwa mikono yake kuujenga msikiti wake. Ujenzi ukiendelea alifika mgeni kutoka Yamama, Talq bin Ali. Imepokewa kwamba aliuliza kama naye abebe mawe kama wenzake. Akajibiwa hapana, akande udongo, kwani kazi hiyo yeye ndiye aijuaye zaidi. Tulitafakari jambo hili. Mtu yule hakuwa Muhajir wala Ansari. Alikuwa mgeni aliyeshuka jana, naye akapewa nafasi kwa kadiri ya ujuzi wake, wala hakurudishwa kwenye mzigo.

Nasi watu wa pwani tuna ajabu yetu. Twajisifia majumba ya Lamu na Mji Mkongwe, yaliyojengwa kwa matumbawe, chokaa na boriti za mikoko, lakini mwana akisema anataka kuwa mwashi, nyumba nzima huinamisha kichwa. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu ya Beit el Ajaib ilianguka Unguja ikiwa katika matengenezo, na watu wakapoteza maisha. Sababu za msiba ule tunawaachia wataalamu. Lakini siku ile kila mmoja wetu aliona kwamba mawe nayo yanahitaji watu wanaoyajua. Wabelgiji, kwa upande wao, husema kwamba mwenzao huzaliwa na tofali tumboni. Hawauonei haya uashi hata kidogo.

Sasa tuje kwenye njia yenyewe. Tanzania, VETA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1994, humtahini fundi aliyejifunzia kazini na kumpa cheti. Hapa Ubelgiji upo utaratibu unaofanana na huo, Validation des compétences, ulioanzishwa mwaka 2003 kwa upande wa wanaozungumza Kifaransa. Mtihani wake ni wa vitendo, na ni bure: fundi hufanya kazi yake mbele ya mtathmini, kwa mwiko, uzi na pimamaji. Akifaulu hupewa hati rasmi ya ujuzi. Asiyejua kazi bado, akijiandikisha Actiris kama mtafuta kazi, anaweza kuomba mafunzo Bruxelles Formation, au VDAB kwa Kiholanzi. Mwombaji hifadhi ambaye miezi minne imepita bila uamuzi wa kwanza anaruhusiwa na sheria kufanya kazi.

Huko hafundishwi kupanga tofali peke yake. Hufundishwa kusoma ramani, kusimama salama juu ya jukwaa, kunyanyua mzigo bila kuvunja mgongo. Mwaka 1964 Ubelgiji ilitia saini mikataba ya wafanyakazi na Moroko na Uturuki. Wengi walishukia stesheni hiyo hiyo ya Midi, na mikono yao imo katika mahandaki ya metro tunayopanda kuja hapa. Waliletwa kwa ajili ya nguvu zao, na nguvu hupungua. Mwenye ujuzi uliotambuliwa na mkataba halali akiugua ana bima, akizeeka ana pensheni, na nafaka ya mkewe na wanawe haitegemei gari gani limesimama asubuhi.

Na hapa ndipo Ramadhani inapotudai. Imam Nawawi, ambaye vitabu vyake tumevisoma tangu vyuoni kwetu, ameeleza katika al-Majmu' kwamba fakiri mwenye ufundi hupewa katika zaka kiasi cha kununulia vyombo vya ufundi wake, viwe vya thamani ndogo au kubwa. Baadhi yetu wanasema zaka ni chakula tu. Zaka ya fitri, naam, ni chakula, na ina wakati wake. Lakini zaka ya mali ina upana huu, na madhehebu yetu ya Shafi'i imeutamka waziwazi. Kilo kumi za mchele huisha kabla ya Idi. Viatu vya usalama, mwiko, timazi, nauli ya miezi ya mafunzo na ada ya darasa la Kifaransa humfanya mtu mwakani awe mtoaji. Sharti ni kwamba awe mstahiki, na akabidhiwe mkononi mwake, iwe mali yake.

Wasio na vibali, mlango huu kwao ni mwembamba, na hatutawadanganya. Lakini hata wao, sheria ya Ubelgiji inawapa haki ya ujira wa kazi waliyoifanya, na shirika la FAIRWORK Belgium huwasaidia kuudai. Na ninyi wenye kampuni ndogo za ujenzi mlioketi safu za mbele: msiungoje mfungo uishe ndipo mumlipe aliyewajengea ukuta mwezi wa Shaaban.

Baada ya Tarawehe kutakuwa na meza karibu na rafu za viatu. Mafundi waandike majina na miaka waliyofanya kazi, vijana wanaotaka kujifunza waandike umri na lugha wanazozijua, na wenye zaka waje pia, kwenye meza hiyo hiyo.

Wabillahi tawfiq. Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.