Bajeti na Mizaha
Baada ya taarifa ya bajeti mliyoisikia, enyi wasikilizaji, nami nikikumbuka namna akina Joti na Masanja wa kundi la vichekesho la Ze Comedy walivyowaiga wakubwa hadi umma ukacheka, naona mzaha wa aina ile wastahili kuletwa Geita na Kahama, ambako, tangu sheria ya madini irekebishwe mwaka 2017, mgodi hauna budi kila mwaka kuafikiana na halmashauri juu ya fedha za wajibu wake kwa jamii, na ushuru wa huduma, unaotozwa kwenye mapato ghafi, huzua mabishano. Filamu fupi, diwani akidai fedha hizo zijenge zahanati na mhasibu akishikilia ziende kwenye semina, ingemfahamisha mchimbaji wa Nyarugusu, huko Geita, yale ambayo vitabu vya hesabu, kwa lugha yao nzito, humficha.