MALI BILA DAFTARI HUPOTEA BILA HABARI
(Mazungumzo na wahitimu wa kisomo, kando ya ziwa, Mwanza)



Leo tunataka kuzungumza juu ya haki za mtumishi wa umma anaposimamishwa kazi na anapostaafu. Labda mtu atasema: "Sisi ni wakulima na wavuvi. Hayo yanatuhusu nini?" Yanatuhusu sana. Mwalimu wa shule yetu ni mtumishi wa umma. Muuguzi wa zahanati na mtendaji wa kijiji vilevile. Hao ni watoto wetu, wake zetu, waume zetu na shemeji zetu. Wakipata shida kazini, shida hiyo inaingia nyumbani. Wakifariki, sisi ndio tunaohangaika kutafuta karatasi.

Wazee wa Jumuiya

Tuanze na jambo lililotokea kweli. Zamani meli za ziwa letu zilikuwa chini ya Shirika la Reli la Afrika Mashariki. Shirika hilo lilikuwa mali ya nchi tatu: Tanzania, Kenya na Uganda. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika. Wafanyakazi wa reli, bandari, posta na ndege wakabaki wanauliza: Nani atatulipa mafao yetu?

Mwaka 1984 nchi hizo tatu zilitia sahihi mkataba wa kugawana mali na madeni. Kila nchi ilikubali kuwalipa raia wake. Lakini wazee wetu wengi waliona hawajalipwa haki yao yote. Mwaka 2003 walifungua kesi Mahakama Kuu. Walikuwa zaidi ya 30,000. Mwaka 2005 walipatana na Serikali juu ya malipo. Toeni hesabu, ndugu: 2005 toa 1977 ni miaka 28. Kijana aliyezaliwa mwaka ule alikwisha kuwa baba wa watoto. Wazee wengine walikufa kabla ya kuona senti moja.

Fundisho ni hili: haki inaweza kuchelewa sana. Ikichelewa, kinachobaki kusema kwa niaba yako ni karatasi.

Kusimamishwa siyo kufukuzwa

Mtumishi akituhumiwa kosa kubwa, anaweza kusimamishwa ili uchunguzi ufanyike. Hapo kijiji kizima husema, "Kwisha kazi yake huyo! Mwizi!" Jamani, tusihukumu. Huyo bado hajahukumiwa. Kwa kanuni za utumishi wa umma, anayesimamishwa kupisha uchunguzi hulipwa mshahara usiopungua nusu.

Tuseme muuguzi analipwa shilingi 400,000 kwa mwezi. Akisimamishwa kwa nusu mshahara, atapata 200,000. Uchunguzi ukichukua miezi minane, zilizozuiliwa ni 200,000 mara 8, yaani 1,600,000. Akionekana hana kosa, anarudi kazini na fedha hizo zote anarudishiwa. Ni haki yake, siyo zawadi.

Lakini wengine huona aibu. Wanakimbilia visiwani, Ukerewe au Kome, wanaanza kununua dagaa. Huku nyuma hati ya mashtaka inafika, hakuna wa kuijibu. Basi, kosa moja linazaa la pili: utoro kazini. Kwa hiyo mtumishi aliyesimamishwa asiondoke kituoni bila ruhusa. Hati ikija, aijibu kwa maandishi ndani ya siku zilizotajwa, na abaki na nakala yake. Kamati ya uchunguzi ikimwita, aende.

Asiporidhika na uamuzi, anaweza kukata rufaa ndani ya siku 45. Walimu wana Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015. Watumishi wengine wana Tume ya Utumishi wa Umma. Siku barua ya uamuzi inapopokelewa, andikeni tarehe juu yake, halafu hesabuni kwenye kalenda.

Siku ya kustaafu

Mtumishi anaruhusiwa kustaafu kwa hiari akifika miaka 55. Akifika miaka 60, sheria inamtaka astaafu. Ziko kazi chache, kama za maprofesa na madaktari bingwa, ambazo umri wake ni mkubwa zaidi.

Tangu Agosti 2018 mifuko minne ya watumishi iliunganishwa kuwa mmoja, PSSSF. Kila mwezi mtumishi huchangia shilingi 5 katika kila 100 za mshahara wake, na mwajiri 15. Yule wa 400,000 anakatwa 20,000, na mwajiri anatoa 60,000. Jumla ni 80,000. Ili apate pensheni ya kila mwezi, inatakiwa awe amechangiwa angalau miezi 180, yaani miaka 15.

Je, mwajiri asipopeleka michango? Ndiyo maana mtumishi asingoje miaka 60. Kila mwaka aulize kwenye mfuko: Michango yangu imefika mingapi? Jina langu limeandikwa sawasawa? Jina likiwa "Maria" huku na "Mariam" kule, siku ya kulipwa litaleta taabu.

Kazi yetu sisi

Ndugu, tulijifunza kusoma kwa faida gani kama sanduku la nyumbani hatulijui? Leo jioni mwulizeni mwenzenu: barua ya kuajiriwa iko wapi? Ya kuthibitishwa kazini? Za kupandishwa cheo? Hati za mshahara? Cheti cha ndoa na vyeti vya kuzaliwa vya watoto je? Zifungeni vizuri, mbali na mvua na mchwa. Mke na mume wote wajue zilipo. Mjane asije kuanza kupekua mifuko ya makoti siku ya tatu ya matanga.

Anayejua kusoma asipolinda karatasi zake, kusoma kwake kumemsaidia nini? Tuzisome, tuzitunze, na tumfundishe jirani.