Hundi Iliyorudi: Tupatane, Lakini Mbele ya Hakimu

Wiki hii nataka tuzungumze juu ya hundi zinazorudi, maana ingawa siku hizi wengi hulipana kwa simu, karatasi hiyo bado inavunja urafiki pale Kariakoo.

Chukueni mfano huu. Mwenye duka la jumla Mtaa wa Kongo anampa mteja wake wa siku nyingi marobota ya vitenge. Mteja anaacha hundi ya tarehe ya mbele. Siku inafika, hundi inapelekwa benki, inarudi: akaunti haina fedha. Simu haipokewi. Mwenye duka anakwenda Kituo cha Polisi Msimbazi, na mteja analala mahabusu. Ndugu wanachangishana, huyu anauza friji, yule anaomba zamu yake ya upatu isogezwe mbele. Deni linalipwa. Mwenye duka anasema: "Changu nimepata, kesi imekwisha."

Hapo ndipo tunapokosea. Kesi ya jinai si mali ya mlalamikaji. Hati ya mashitaka husema Jamhuri dhidi ya fulani. Mwenye duka ni shahidi tu. Kupokea deni lake si kosa. Lakini akipokea fedha kwa ahadi ya kuficha kosa kubwa, au kuzuia mashitaka yasiendelee, Kanuni ya Adhabu inamgeuza yeye mwenyewe kuwa mkosaji.

Je, sheria inachukia suluhu? Hata kidogo. Tangu mabadiliko ya mwaka 2000, Katiba yetu inazitaka mahakama, katika mashauri ya madai na ya jinai, zikuze usuluhishi. Na Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985 iliweka njia: katika makosa yenye sura ya binafsi, mahakama ikiona kwamba maslahi ya umma hayadai adhabu, inaweza kuwapatanisha watu, hata kwa fidia, kisha ikasimamisha shauri. Mwendesha mashitaka naye anaweza kuliondoa kwa idhini ya mahakama. Kwa hiyo mlango upo, ila uko mahakamani, si chini ya mwembe nje ya kituo.

Kwa nini nasisitiza hivyo? Kwa sababu hundi zinazorudi si za namna moja. Yupo tapeli anayeandika hundi ya akaunti aliyokwisha kuifunga. Huyo akilipa leo kwa Mtaa wa Kongo, kesho atakuwa Mtaa wa Aggrey. Na yupo mfanyabiashara aliyeharibikiwa. Soko la Kariakoo lilipoungua usiku wa Julai 10, 2021, watu walipoteza mali yao kwa saa chache. Aliyekuwa ameandika hundi wiki moja kabla ya moto, tumwite mwizi? Kosa la udanganyifu linataka udanganyifu uthibitishwe. Mkijua wote wawili kwamba siku ya kuandikiana akaunti ilikuwa tupu, mara nyingi hilo ni deni, na deni lina mahakama ya madai. Huko hundi ina njia ya mkato: mdaiwa hajitetei mpaka aombe ruhusa na kupewa.

Rai yangu ni hii. Wenye maduka, tusiwafanye polisi wakusanya madeni. Waandika hundi, mambo yakiharibika mfuate mwenzako kabla benki haijamwambia. Dawa ya deni ni kulipa, na asiye nacho aanze kwa kusema. Na waheshimiwa mahakimu, mkiletewa mapatano, muulizeni mshitakiwa kama amekubali kwa hiari. Mtu aliyelala sakafuni siku tatu hutia saini chochote. Mapatano yaandikwe, yasomwe, kila shilingi iwe na stakabadhi.

Tukifanya hivyo, mwenye duka atapata chake, mteja atarudi kwenye meza yake, na hakuna wa kumtisha tena kwa jalada lililofichwa kabatini.

Hadi wiki ijayo, kwaherini.