Bendi Iliyokataa Kujirudia

Katika somo letu la muziki leo tutatazama swali moja: fundi aliyekwisha kusifiwa kwa kazi yake, je, yampasa kuifanya ile ile daima, au ajaribu nyingine? Mfano wetu ni bendi ya Wire ya London, Uingereza, iliyoanza mwaka 1976.

Wakati ule vijana wengi wa Uingereza walipenda muziki wa panki, wenye gitaa za kelele na mwendo wa haraka. Wire walitokea humo. Santuri yao ndefu ya kwanza, Pink Flag ya mwaka 1977, ina nyimbo 21 kwa muda wa dakika 35 hivi. Maneno yakiisha, wimbo umekwisha.

Wengine wangalitoa ya pili mfano wa ile. Wire hawakufanya hivyo. Chairs Missing (1978) ilipunguza mwendo na kuongeza vinanda vya umeme. 154 (1979), iliyopewa jina kwa hesabu ya maonyesho waliyokuwa wamefanya, ilikuwa nzito zaidi. Muziki wa namna hii, uliozaliwa na panki kisha ukaiacha nyuma, huitwa posti-panki.

Mwaka 1980 walisimama, na mwaka 1985 wakarudi. Mwaka 1987, walipozuru Marekani, hawakutaka kupiga nyimbo za zamani. Wakachukua bendi nyingine, Ex-Lion Tamers, iwapigie watu Pink Flag kwanza. Kisha wao wakapanda jukwaani na nyimbo zao mpya.

Lakini kubadilika kuna gharama. Mashine za kupiga mapigo zilizidi kuingia katika kazi yao, mpaka mpiga ngoma, Robert Grey, akaona hana la kufanya, akatoka mwaka 1990. Watatu waliobaki wakakata herufi ya mwisho ya jina, wakawa Wir, na mwaka 1991 wakatoa The First Letter.

Mwaka 2000 wote wanne walipiga tena pamoja, na Send ya mwaka 2003 ikarudisha gitaa kali. Mwaka uliofuata Bruce Gilbert, mpiga gitaa, aliondoka. Hata hivyo waliobaki waliendelea, na mwaka 2013 wakatoa Change Becomes Us. Humo walichukua vipande vya nyimbo vilivyoachwa bila kumalizika tangu 1979 na 1980, wakavijenga upya.

Hapo, msikilizaji, twapata jibu. Watu hawa walikataa kurudia kazi iliyokwisha kusifiwa, lakini ya kale hawakuyatupa. Walirudi ghalani kuchukua mbegu ambazo hazijapandwa.

Ukizipata santuri hizi, zisikilize kwa kufuata miaka, kisha jibu maswali haya:

1. Ni kitu gani kilichoongezwa katika Chairs Missing?
2. Kwa nini Robert Grey alitoka?
3. Katika kazi yako wewe, ni lipi uliloliacha nusu ambalo lafaa kurudiwa?

Kwaheri mpaka somo lijalo.