Bibi Annalena Tonelli na Wagonjwa wa Wajir

Wasikilizaji, aondokaye Garissa kuelekea kaskazini husafiri zaidi ya kilomita 300 katika nchi kavu kabla ya kufika Wajir, mji wa visima. Huko ndiko alikofika Bibi Annalena Tonelli mwaka 1970, naye hajatimiza miaka 30. Alizaliwa Forlì, Italia, mwaka 1943, akasoma sheria. Alikuja Kenya mwaka 1969, akafundisha shule kwanza katika nchi ya Nyeri. Hakuwa daktari, wala hakutumwa na shirika lolote, wala hakutaka mshahara.

Nchi aliyoikuta ilikuwa na taabu nyingi. Vita vya shifta vilikuwa vimekwisha mwaka 1967, lakini sheria ya hali ya hatari iliendelea mpaka mwaka 1991. Bibi Annalena na wanawake wenzake waliojiunga naye walifungua kituo cha kuwatunza vilemavu, vipofu na viziwi, wengi wao watoto waliopooza miguu. Walifundishwa, wakafanyishwa mazoezi ya viungo, wakalelewa kama watoto wa nyumba moja.

Lakini adui mkubwa alikuwa kifua kikuu. Siku zile matibabu yake yalichukua mwaka mzima au zaidi. Mchungaji wa ngamia atawezaje kulala hospitali muda wote huo, hali wanyama wake wahitaji maji na malisho? Akiona nafuu kidogo, huondoka. Maradhi humrudia, na pengine vijidudu vimekwisha kuizoea dawa, naye huwaambukiza jamaa zake. Kwa hiyo wengi walikata shauri kwamba wahamahamaji hawatibiki.

Bibi Annalena hakukubali neno hilo. Aliona kuwa kasoro haikuwa kwa mgonjwa, ila katika mpango wa kumtibu. Mwaka 1976 alikabidhiwa kazi ya majaribio ya Shirika la Afya Duniani, ya kuwatibu wahamahamaji kwa dawa mpya zilizofupisha matibabu yakawa miezi 6. Badala ya kuwalaza wagonjwa katika wodi, waliwekewa manyatta yao nje ya mji. Kila mmoja alijenga kibanda chake cha miti na mikeka, kama ajengavyo malishoni, akakaa na jamaa zake. Kila siku alimeza dawa mbele ya macho ya mhudumu, hata miezi ikatimia. Watu walioonekana hawatibiki wakapona. Katika miaka ya 1990 Shirika la Afya Duniani likaeneza katika nchi nyingi desturi hiyo ya kumeza dawa mbele ya mhudumu.

Ulimpata mtihani mwingine. Februari 1984 askari waliwakusanya wanaume wa Kidegodia katika uwanja wa ndege wa Wagalla, karibu na Wajir. Waliwekwa juani siku kadhaa bila maji, na wengi wakauawa. Serikali ya wakati huo ilikiri vifo 57 tu. Walionusurika walisema ni wengi zaidi ya hao. Bibi Annalena alitoka na gari kuwaokota waliokuwa wangali hai na kuwasitiri maiti, tena akahakikisha kuwa habari zawafikia watu wa nje. Baada ya hayo ilimbidi aondoke Kenya.

Hakuacha kazi. Alikwenda Somalia, na tangu mwaka 1996 akakaa Borama, Somaliland, akaongoza hospitali ya kifua kikuu, akaanzisha shule ya watoto viziwi, na akapinga ukeketaji wa wasichana. Mwaka 2003 Umoja wa Mataifa ulimpa Tuzo ya Nansen kwa kuwatumikia wakimbizi. Tarehe 5 Oktoba mwaka ule ule, alipigwa risasi katika uwanja wa hospitali yake, akafa.

Basi wote wenye kuongoza shule, zahanati na vyama vya kusaidia maskini wana la kujifunza. Kabla ya kumlaumu mtu kwa kutofika, yafaa kwanza kuuliza kama maisha yake yamruhusu kufika. Shule za kuhamahama zilizofunguliwa Kaskazini Mashariki, ambazo mwalimu hufuatana na watoto na mifugo yao, zasimama juu ya fikira hiyo hiyo. Kazi bado ni nyingi, na njia ya kuifanya imekwisha kuonyeshwa pale Wajir.